Kaka Filimbi, Aliyekaa Mbele ya Kamera Yake Mwenyewe

Baada ya miaka thelathini na minne katika kituo chetu cha televisheni, mtengenezaji wetu wa filamu za maisha ya watu, ambaye sote tunamwita Kaka Filimbi, anastaafu Ijumaa ya mwisho wa mwezi huu.

Alianza kwa kubeba nyaya za taa, akapanda hadi kuongoza filamu zake mwenyewe. Jina la Filimbi alilipata kazini. Ana kigugumizi tangu utotoni, na neno "anza" lilikuwa likimkwama kooni, basi akawa anatuongoza kwa filimbi: moja tuanze, mbili tusimame. Siku moja trafiki alipuliza mbili barabarani, nami, mpiga picha wake, nikazima kamera katikati ya mahojiano. Kaka alicheka mpaka akakaa chini.

Kwa miaka mingi maswali yake yaliulizwa na mtangazaji. Kisha tukaenda kumrekodi fundi cherehani mmoja, mama wa makamo mwenye kigugumizi kama yeye. Wateja walimdhania bubu, maana aliwajibu kwa kichwa tu. Tulipowasha taa, akagoma. Alimtazama Kaka, akasema kwa shida, "Wewe na mimi ulimi wetu mmoja. Mbona wa kuonekana niwe mimi peke yangu?"

Kaka alivuta kiti, akakaa kando yake mbele ya kamera, akaanza kujitambulisha. Jina lake lilichelewa sana kutoka. Mishipa ya shingo ilimsimama, jasho likamtiririka, nami nimeshika kamera roho juu. Hakutazama pembeni hata mara moja. Jina lilipotoka, yule mama akaanza kusimulia yake, wala hatukuhitaji kumbembeleza tena.

Ofisini, mhariri mkuu alitaka kipande kile kipunguzwe, akihofia watazamaji watahama. Kaka, mtu asiyependa kabisa mabishano, alisimama mlangoni mwa chumba cha uhariri akamwambia, "Ukikata hapo, na mimi nitoe kwenye filamu nzima." Ikaenda hewani bila kuguswa.

Kesho yake simu ya mapokezi haikupumzika. Wengi waliopiga walikuwa na kigugumizi, na baadhi yao walikuwa hawajawahi kuthubutu kumpigia simu mtu wasiyemjua. Dada wa mapokezi, tunayemjua kwa haraka zake, aliwasikiliza mmoja mmoja hadi mwisho. Mhariri mkuu alikuja akasimama karibu na meza yake, akasikiliza, kisha akaondoka. Kuanzia hapo, kila Kaka alipomletea wazo la filamu mpya, alimwuliza jambo moja: "Na wewe utakaa wapi?"

Kaka alikaa mbele ya kamera kwenye zote, vile vile alivyo. Nimemtazama kupitia lenzi miaka yote hii, na bado sijui moyo ule aliutoa wapi.

Kaka, ahsante. Nenda kapumzike na shemeji yetu na wajukuu, kwa afya njema na raha tele. Umetufanya tujivunie kazi hii.