Wasifu wa Dedan Mathenge Mwai, Daktari wa Ng'ombe Ambaye Mgongo Wake Haukupona

Baba yetu aliagiza wasifu wake usiwe mrefu. Alisema wako watakaokuja kumzika ambao nao hawawezi kusimama muda mrefu. Tutajaribu kumtii.

Marehemu Dedan Mathenge Mwai alizaliwa tarehe 9 Juni 1962 huko Tetu, Nyeri, akiwa mtoto wa tatu wa marehemu Mzee Mwai na marehemu Mama Njoki.

Alianza shule ya msingi mwaka wa 1969, akafanya mtihani wa darasa la saba mwaka wa 1975, na kumaliza kidato cha nne mwaka wa 1979. Ripoti zake zinaonyesha mwanafunzi wa wastani asiyekosa shule, isipokuwa wiki moja ya mwaka wa 1977. Hapo mwalimu aliandika, "Ng'ombe wao alikuwa mgonjwa." Kuanzia 1981 hadi 1983 alisomea afya ya mifugo huko Kirinyaga.

Idara ya mifugo ilimwajiri mwaka huo wa 1983 na kumpeleka Kiriaini, ambako kwa miaka saba alizunguka kwa pikipiki katika milima ya chai akitibu ng'ombe, kuwapandisha na kuwazalisha. Mwaka wa 1990 alirudishwa Tetu. Watu walimwita Daktari. Aliwasahihisha kila mara kwamba yeye hakufika huko kwa masomo, nao kila mara wakaendelea kumwita Daktari.

Alimwoa Wamucii, mama yetu, tarehe 6 Desemba 1986 katika kanisa moja mjini Karatina. Mama aliuza miche ya mboga sokoni. Husema kwamba siku ya kwanza Baba alinunua miche hamsini ya kabeji, siku ya pili hamsini tena, na siku ya tatu Mama akamuuliza, "Wewe uko na shamba kubwa aje?" Baba akajibu, "Siko na shamba. Hizo zote ziko kwa ndoo, zinakauka." Mungu aliwajalia watoto watatu.

Tarehe 17 Aprili 2012, alipokuwa akimsaidia ng'ombe kuzaa, ng'ombe huyo alianguka na kumbana kwenye nguzo ya zizi. Ndama alipona. Mgongo wa Baba haukupona. Baada ya miaka miwili ya dawa na kuchuliwa, alipasuliwa mjini Nairobi mwezi wa Machi 2014 na kuwekewa skrubu nne. Kwa miezi mitatu alitembea vizuri, hata akaanza kuipaka pikipiki grisi. Kisha maumivu yakarudi, yakishuka kama moto kutoka kiunoni hadi kwenye wayo wa kushoto.

Alirudi hospitali mara nyingi. Kila mara alipigwa picha, na kila mara aliambiwa skrubu ziko sawa. Maneno hayo yalimchosha kuliko safari yenyewe. Ndugu yake Gathogo alisema mbele ya jamaa wote, "Ati mgongo? Si daktari amesema iko sawa! Huyu amechoka kufanya kazi tu." Baba alikuwa amelala sakafuni, ambako aliumwa kidogo kuliko kitandani.

Binti yake mkubwa Njoki, anayewasomea maneno haya, naye hakuwa bora. Mwaka wa 2016 alimwambia, "Baba, amka utembee, utapona." Aliamka. Alitembea hadi kwenye lango akishika ua, akarudi akitokwa na jasho, akauliza bila hasira, "Sasa umeridhika?"

Hata hivyo hakuacha kazi. Jumapili moja mchana mwaka wa 2018, jirani yetu Mama Murugi alipiga simu akilia. "Daktari, ng'ombe yangu imeshindwa kuzaa. Naona mguu moja tu!"

Baba aliwekewa simu kifuani, sakafuni jikoni. "Nawa mkono na sabuni, Mama. Ingiza pole pole. Umeguza nini?"

"Kichwa. Na mguu ingine imekunjika."

"Funika kwato na kiganja, isipasue mama yake huko ndani. Rudisha ndama nyuma kidogo, halafu ulete mguu mbele. Usivute bado. Ngoja ng'ombe isukume."

Ilichukua karibu saa moja. Tuliposikia Mama Murugi akipiga kelele za furaha, Baba alifumba macho na kusema, "Mwambieni asisahau kupaka kitovu cha ndama dawa." Tangu siku hiyo alisaidia wengi kwa simu, akiwa amelala.

Mwezi wa Agosti 2019, Njoki alimpeleka kwa Daktari Wangechi, anayetibu maumivu mjini Nyeri. Daktari alitazama picha kwa muda mrefu. "Mzee, skrubu ziko sawa. Na wewe unaumwa kweli. Kuna watu upasuaji hufanywa vizuri na mgongo bado unauma. Si uvivu, na si mawazo tu. Sitakuahidi itaisha. Tutatafuta vile utaishi nayo."

Baba alifunika uso kwa kofia. Walipotoka nje alisema, "Njoki, umesikia? Ameniamini."

Njoki alimpelekea Gathogo habari hizo. Jumamosi iliyofuata Gathogo alikuja na panga, akawakatia ng'ombe wa Baba majani, akaondoka bila kuomba msamaha. Alifanya hivyo kila Jumamosi kwa miaka sita. Maumivu hayakuisha. Dawa mpya na mazoezi vilimpa siku chache nzuri katika wiki, naye akazipokea.

Tarehe 6 Novemba 2025 alilazwa hospitalini Nyeri akiugua nimonia. Alifariki Jumanne tarehe 11 Novemba, saa nne asubuhi, Mama akiwa kando yake. Alikuwa na umri wa miaka 63.

Ameacha mjane, Wamucii, watoto Njoki, Mwai na Lynn, wajukuu wanne, na ndugu yake Gathogo.

Baba, tulichelewa kukuamini. Mungu akupe pumziko ambalo sisi tulishindwa kukupa, na amani yake ikae nawe.