Bi Eugenia na Friji la Kisarawe

Ijumaa hii Bi Eugenia Castory anastaafu, baada ya miaka thelathini na moja ya kushika kamera katika studio yetu hapa Kwa Mathias. Wasifu naandika mimi, Hamza, fundi sauti, maana wenye vyeti wote walijificha. Niliishia kidato cha pili, lakini mtanisoma mpaka mwisho.

Kwanza kabisa, huyu mama, harusi zilimshinda. Ndiyo, nimeandika. Kila mpiga picha wa Kibaha anajua: zawadi zikiingia, kamera ifuate anayetuza. Siku moja ukumbini Kongowe likaingia friji likichezewa, utepe mwekundu, mashangazi watano mbele. Bi Eugenia akalifuata friji. Bwana harusi hakuonekana tena mkandani. Wenye harusi walipokuja juu, akaomba radhi, kisha akapanda lori moja na friji hadi Kisarawe.

Kijijini kule nguzo za umeme zilikuwa hazijafika. Bibi harusi, Sikuzani, akapanga humo khanga juu, mchele chini, vijiko mlangoni penye nafasi za mayai.

Basi ikazaliwa filamu yetu ya tamaa ya kununua. Dakika arobaini, bila msimulizi. Friji linafunguliwa, linafungwa, na nyuma ya picha vipaza sauti vya maduka ya Kwa Mathias vinapiga kelele kwamba bei ni ya leo tu. Sauti hizo nilirekodi mimi. Bila mimi mngesinzia.

Bosi Abdulaziz alicheka mpaka akakaa chini. Bi Eugenia hakujali. Hofu yake ilikuwa moja: Sikuzani akijiona kafedheheshwa, filamu inafutwa, miaka sita ya kazi kwaheri.

Tukaionyesha kwanza kijijini, darasani, madirisha tumeziba kwa mikeka. Friji lilipotokea, watu wakaangua kicheko. Bi Eugenia akanyoosha mkono azime. Sikuzani akasimama.

"Chekeni. Langu lina miaka sita halijawahi kuharibika. Mashine yako ya kufulia je, Mwinyimadi?"

Mwinyimadi, anayehifadhia mahindi humo, akawa wa kwanza kupiga makofi. Kufika jioni, kila mtu anatuvuta kwake tukapige picha chombo chake.

Bi Eugenia, ahsante kwa kutufundisha kutazama pale wengine wanapopita tu. Ijumaa usikae karibu na mlango. Sikuzani kavutiwa umeme, lakini anasema friji lile na baridi hawataelewana. Linaingia ukumbini likichezewa, limejaa mchele, na ni lako. Kamera nitashika mimi. Kapumzike kwa raha, mama yetu, na tafadhali usilichomeke.