Rufus Omondi na Setilaiti Aliyoitumikia

Ndugu waombolezaji, mimi ni Virginia Achieng, dada yake marehemu, familia imenipa kazi ya kuwasomea maisha yake, na nitayasoma jinsi yalivyokuwa, ingawa meneja wake, Bwana Gaetano, aliyekaa pale mbele, ameniomba kwa upole nifupishe sehemu ya mwisho.

Rufus Omondi alizaliwa tarehe 14 Agosti 1979 huko Ugunja, Siaya, nchini Kenya, mtoto wa pili kati ya watano, akasoma shule ya msingi hapo hapo, kisha akajifunza ufundi wa redio na televisheni mjini Kisumu, akahitimu Novemba 2001, mwezi ule ule ambao setilaiti ya kampuni iliyokuja kumwajiri ilirushwa angani, ikae juu ya ikweta na kurusha televisheni kwa miaka kumi na mitano. Alipenda kusema kwamba wao wawili walianza kazi pamoja, nasi tulimcheka.

Alifika hapa Juba, Sudan Kusini, Februari 2006, akafunga madishi mitaa ya Gudele, Lemon Gaba, hadi kule Bilpam, na kwa kuwa hapa kwetu setilaiti hiyo iko karibu utosini, madishi hutazama juu na kujaa maji ya mvua kama karai, kwa hiyo kila dishi alilitoboa tundu dogo chini, na ukiona dishi la namna hiyo mjini humu, ujue ni mkono wa Rufus. Tarehe 9 Julai 2011, siku ya uhuru, aliweka televisheni uani kwa jirani, Mama Yar, ili wazee wasioweza kutembea waone bendera ikipanda, wakalia, naye akalia nao, japo nchi si yake.

Tarehe 29 Oktoba 2011 alimwoa Erina Namutebi, mwuza nguo kutoka Masaka, wakajaliwa binti mmoja, Angella, aliyezaliwa tarehe 3 Septemba 2012. Vita vilipoanza Desemba 2013 tulilala chini ya vitanda siku tatu, setilaiti ikaendelea kuonyesha mpira wa Ulaya bila kukatika, na Januari Rufus akarudishwa juu ya mapaa, kwa sababu wateja walikuwa wanalalamika.

Marehemu hakuugua. Iliyougua ni setilaiti, mafuta yake yalikuwa yanaisha, ikaanza kuyumba, na kampuni ikaamuru madishi yote yageuziwe setilaiti mpya ifikapo Jumapili, tarehe 10 Julai 2016. Risasi zilianza Alhamisi ya wiki hiyo. Jumamosi Rufus alimpigia meneja akiomba siku mbili tu, akajibiwa kwamba setilaiti haimngoji mtu, ageuze tu, kalas, amalize, arudi nyumbani.

Jumapili saa nne asubuhi alikuwa juu ya paa la nyumba ya wageni hapa Gudele, akiligeuza dishi polepole, mkononi ana kipimo cha mawimbi kinacholia, na watu wenye bunduki barabarani, wa upande gani hatujui, wakaamini anaelekeza mizinga, wakampiga risasi, akafa saa nane mchana. Jumanne kampuni iliwaandikia wateja kwamba muda umeongezwa hadi tarehe 31. Kumbe setilaiti iliweza kungoja.

Mwaka 2010 Rufus alijenga nyumba yake Ugunja, na kwetu mwanamume huzikwa katika boma lake. Barabara ya Nimule, iendayo mpaka wa Uganda, ilifunguliwa Alhamisi iliyofuata, pikapu ya kampuni ipo uani, tukaomba imfikishe mpakani, tukaambiwa dizeli hakuna, ndiyo maana tunamzika hapa. Sasa, marehemu mwenyewe ndiye aliyenieleza kwamba setilaiti, hata ikichoka vipi, huwekewa akiba ya mafuta isiyoguswa, ya kuipandisha juu zaidi, mahali zinapolazwa setilaiti zilizokufa. Yaani hata chuma kimetengewa mafuta ya mazishi yake. Hii ndiyo sehemu niliyoombwa kuifupisha.

Tunawashukuru madaktari waliompokea bila umeme wala damu ya kumwongezea, tunawashukuru mafundi wenzake waliochimba kaburi hili, na zaidi ya wote tunamshukuru jirani yetu Nyaluak, aliyepanda ngazi akamshusha mgongoni, huku yeye mwenyewe akisakwa nyumba kwa nyumba kwa sababu ya kabila lake, na leo hayupo nasi kwa kuwa amekimbilia kambi ya Umoja wa Mataifa. Bwana Gaetano, nawe tunakushukuru kwa shada la maua.

Rufus ndugu yangu, dishi lile hukumaliza kuligeuza, bado linatazama mahali pa zamani, na hakuna atakayekutuma tena. Pumzika, na amani tuliyoikosa sisi uipate wewe.