Nyumba ya Usiku Mmoja

Kijiwe chetu ni benchi la mbao nje ya mkahawa wa Bekir, pale kilima cha Karaağaç kinapoanzia, hapa Ankara. Wake zetu hawafiki hapo. Hakuna aliyewakataza, ila ndivyo ilivyo tangu zamani. Anayekaa kulia ni Profesa, aliyekuwa tarishi wa mahakama maisha yake yote na cheo chake alikipata kwa kutusomea gazeti kwa sauti. Katikati ni Lami, dereva wa greda la serikali, mstaafu. Kushoto ni Mjerumani, aliyeumaliza ujana wake kwenye kiwanda cha magari huko Ujerumani akarudi na koti la ngozi na maumivu ya mgongo. Mimi hukaa kwenye kigoda, kwa kuwa kubishana siwezi, kusikiliza naweza. Asubuhi ile tulikuwa na mgonjwa wetu, Veysel. Kilima kizima kilikuwa kimekubali nyumba zibomolewe yajengwe maghorofa, isipokuwa yeye. Adhuhuri kampuni ya ujenzi ingemtuma mhandisi kuchukua jibu la mwisho, na Veysel usingizi haukuwa umempitia.

— Nisaini, nisisaini? akauliza Veysel. Niambieni basi, nyie ndo wenzangu.

— Saini, akasema Profesa. Taifa haliendi mbele kwa vibanda.

— Kibanda? Nyumba yangu kibanda? Tuliiinua usiku mmoja ile! Paa likae kabla hakujapambazuka, polisi wakija wakute moshi unatoka kwenye bomba, basi, ndo imekuwa nyumba hiyo, hawaivunji tena mpaka waende mahakamani. Na wewe si ulikuwepo umeshika nyundo?

— Nilikuwepo. Haraka haraka haina baraka, ndiyo maana tuliimaliza usiku uleule.

Hakuna aliyemsahihisha. Methali za Profesa tumezizoea, na ukimrekebisha moja anakuletea tatu.

— Shida yenu hamjui nchi hii imeendeleaje, akasema Lami. Nchi hii imeinuliwa na barabara, mambo mengine mbwembwe tu. Zamani bibi harusi akitoka kijiji cha pili anafika kwetu keshakuwa bibi kweli. Zikaja trekta za Mmarekani, ikaja lami, tukateremka wote mjini. Bila mimi, Veysel, hata hicho kilima usingekiona.

— Bila wewe peke yako?

— Na greda.

— Acha fiksi, akasema Mjerumani. Nchi hii imejengwa Ujerumani. Mgeni njoo, mwenyeji apone. Tukaenda sisi wageni, Wajerumani wakapona kweli! Sisi tukarudi na friji. Friji ya kwanza hapa mtaani ya nani?

— Yako. Na ulikuwa unaifunga kwa kufuli.

— Maendeleo yanataka ulinzi, bwana.

Profesa akalikunja gazeti, dalili kwamba sasa tutaanzishiwa mbali.

— Nyie mnaanzia katikati. Anzeni kwenye kofia. Siku wazee wetu walipovua tarbushi wakavaa pama za Kizungu, ndiyo siku kichwa kilipata hewa. Kichwa kikipata hewa kinawaza. Kikiwaza kinajenga reli, viwanda vya sukari, viwanda vya nguo. Na wanawake je? Tuliwapa kura kabla ya Wafaransa! Mfaransa na manukato yake yote alikuwa bado anajishauri.

— Hapo tuliwaweza, akakubali Lami.

— Tuliwaweza vibaya sana.

Bekir akatoka na sinia la kahawa. Yeye huwa hachangii mpaka wote waharibu, kisha ndipo anapoharibu zaidi.

— Mnaisahau kahawa. Mnakumbuka ule uhaba? Dola hakuna, kahawa hakuna, nakaanga dengu, nasaga, nawapa mnywe. Taifa zima linakunywa dengu! Usingizi tele, hasira tele, vijana wanatwangana mitaani. Mwisho wanajeshi wakachukua nchi. Mnafikiri kwa nini?

— Kwa sababu ya dengu?

— Jenerali naye si mtu? Anaamka alfajiri, kichwa kinamgonga, anawekewa dengu mezani.

Kila mtu akalipima neno hilo. Lami akasema lina mantiki. Mjerumani akakumbuka alivyokuwa akirudi likizo na kahawa imejaa kwenye sanduku, kwa hiyo akadai kwamba kama angekuja mara mbili kwa mwaka, nchi ingetulia.

— Jamani, akasema Veysel. Nyumba yangu.

— Usisaini, akasema Lami. Kura zinakuja. Kura moja tuliletewa maji, nyingine umeme, nyingine hati ya kiwanja. Wewe kaa kimya tu, kura hii watakuletea bahari.

— Bahari, Ankara?

— Wakitaka kura watashindwa nini?

Hapo ndipo mhandisi alipofika. Tulimtarajia yule bwana mwenye tai wa siku zote, akaja binti mgeni, viatu vimejaa vumbi na kofia ya ujenzi kwapani. Akatuamkia vizuri, akasema anaitwa Nihan. Nikampa kigoda changu. Bekir akamletea kahawa, akashukuru, akamgeukia Veysel.

— Mzee wangu, mmefikia wapi?

— Bado tunajadiliana, mwanangu.

— Haya. Na mama anasemaje?

— Mama yupi?

— Mkeo. Ile ni nyumba ya familia, sheria inataka na yeye aridhie. Anasemaje?

Profesa akalifunua tena gazeti lake. Lami akainama kutazama kiatu chake.

— Döndü yuko nyumbani, akasema Veysel.

— Sawa, yuko nyumbani. Anasemaje?

Nyumba ile tulikuwa tumeijadili tangu theluji ya kwanza. Veysel alikuwa amemuuliza imamu, kinyozi, hata yule muuza mikate ya ufuta anayepita na sinia kichwani. Niliona aibu, na sidhani kama yupo kati yetu ambaye hakuiona.

Veysel akainuka bila kuaga, akaanza kupanda ngazi za kilima. Tukangoja. Aliporudi hakuwa peke yake. Döndü alikuwa akishuka upandeupande, mkono mmoja ukutani na mwingine ndani ya mkono wa mumewe. Sikuwahi kuwaona wameshikana mikono wale. Tukasimama wote. Profesa akampisha mahali pake, naye akakaa, akahema kwanza.

— Hapa chini sijafika tangu sikukuu ya mwaka juzi, akasema.

— Si ulisema hushuki kwa kuwa umechoka na makelele ya soko? akauliza Veysel.

— Nilisema. Ningesema nini, na wewe unaipenda ile nyumba namna hii? Hata mimi naipenda. Watoto wanne nimewazalia mle. Magoti ndiyo hayaipendi.

Akamgeukia binti.

— Hiyo lifti yenu, umeme ukikatika je?

— Kuna jenereta, mama.

— Jenereta huharibika. Nyumba za chini kabisa zipo?

— Zipo, ila jua haliingii sana.

— Jua nimeliona la kutosha. Nipe ya chini, na uliandike hilo kabla sijasaini.

Nihan akaandika. Döndü akamtazama mumewe.

— Na wewe unasemaje?

Veysel alitazama juu kilimani, kule bati lake linakoonekana kati ya mierebi. Macho yalikuwa yamemlowa na hakujificha. Kisha akachukua kalamu kwa Nihan, akampa mkewe.

— Anza wewe, akasema.

Döndü akasaini polepole, karatasi akiwa ameiweka juu ya gazeti la Profesa. Veysel akafuatia. Binti akakusanya vitu vyake, akatuaga. Kilima chote sasa kilikuwa kimekubali. Döndü hakuonyesha haraka ya kuondoka. Akalipapasa benchi, akatutazama mmoja mmoja.

— Nawasikia kutoka kule juu kila siku, akasema. Sauti zinafika, maneno hayafiki. Huwa mnazungumza nini hapa?

Profesa ndiye aliyejibu, tena kwa sauti ndogo.

— Maendeleo, shemeji.