Kinywa Kabla ya Picha

Mheshimiwa Meya, Padri Clément, walimu wenzangu, ndugu askari wa zamani, ndugu wageni waalikwa: mniwie radhi nikivuruga mpangilio wa heshima na kumsalimu tena, peke yake, Mama Agnès, aliyetoka Sakania na kuketi hapa mbele. Jambo, mama.

Kuna swali ninaloshindana nalo tangu nilipomfahamu marehemu Casimir Nkulu, ambaye filamu yake tutaitazama leo kwa mara ya kwanza: je, kamera ilimsaidia kusema, au ilimsaidia kunyamaza?

Casimir alifika Lubumbashi baada ya vita vya kaskazini, bila bunduki na bila kazi. Papa Paulin, mpiga picha wa hapa katikati ya mji, alimkabidhi kamera ya video arekodi ndoa na matanga. Alizuia pumzi kabla ya kubonyeza, kama alivyofundishwa jeshini. Lakini hakuweza kuupa mlango mgongo. Katika ndoa moja huko Katuba alinasa kila aliyeingia na kila aliyetoka, hata mama wa bibi arusi akamwendea kumwonyesha aliko binti yake: "Papa, mariée iko huku, we unapika foto ya mulango?" Watu walicheka. Casimir naye alicheka, kisha akarudi kusimama palepale.

Alijiunga na darasa langu la filamu akiwa na miaka arobaini na minne, miongoni mwa vijana waliomwita "mon commandant", kamanda wangu, kwa utani. Alipoanza kuongoza waigizaji, hakutoa amri kwa sauti. Aliinua kiganja, akangoja. Nani kati yetu, tuliosoma nadharia nyingi, aliwahi kupata kwa maneno kile alichokipata yeye kwa kungoja? Mimi sikupata.

Filamu yake inamhusu Chilufya, mwana wa Mama Agnès na rafiki wa Casimir wa vitani. Kwa zaidi ya miaka ishirini Mama Agnès aliambiwa tu kwamba mwanawe haonekani. Bila neno la kifo hakuna matanga, na bila matanga mama hana ruhusa ya kulia wala ya kuacha kungoja.

Casimir alijua kilichompata. Nilimuuliza kwa nini asipande treni aende Sakania. Akanijibu: "Ku kamera naweza kusema, Mama Prof. Ku macho ya ule mama, shiwezi." Basi aliisimamisha kamera, akaketi mbele yake, akasimulia. Walipokuwa wakikimbia, Chilufya alipigwa risasi ya paja. Casimir alimbeba mpaka nguvu zikamwishia, akamlaza kando ya njia akiwa hai, akamwahidi kwamba atarudi. Hakurudi; baadaye akasikia kwamba Chilufya alikufa palepale.

Ugonjwa ulimchukua Casimir wakati wa Pasaka, kabla filamu haijakamilika. Nikaimalizia mimi, kisha nikaenda Sakania na kompyuta yangu, nikiamini nimepanga vema: mama atasikia habari kwa sauti ya aliyekuwapo. Kumbe lilikuwa kosa la mtu aliyesoma. Picha ilipotokea tu, Mama Agnès aliufunika uso wa kompyuta kwa kiganja. "Funga ile mashini. Ikala chini. Lufu banaisemaka na kinywa."

Kifo, alimaanisha, husemwa kwa kinywa. Nilifunga. Niliketi kwenye mkeka, nikamwambia yote. Hakulia. Aliuliza jambo moja: "Alimuachiaka mayi?"

Casimir hakulisema hilo. Nilikuwa nimetazama kila alichorekodi, na baadaye nimerudia kutazama. Maji hayatajwi popote. Neno "ndiyo" lilikuwa tayari mdomoni mwangu, jepesi, na hakuna ambaye angelikanusha. Nikasema: "Shijui, mama."

Juma lile matanga ya Chilufya yalifanyika. Mama Agnès ameruhusu filamu ionyeshwe yote, kwa sharti moja: kwamba ninyi pia mwambiwe kwanza kwa kinywa, mkiwa mmeketi, taa zikiwaka. Ndiyo sababu nimesimama hapa. Ndugu zangu, Chilufya alikufa vitani, kando ya njia. Sasa mmeambiwa.

Nirudi kwenye swali langu. Kama Casimir angekwenda Sakania, mama angepata jibu la maji; kama Casimir asingerekodi, mama asingepata lolote. Siwezi kupima haya mawili, kwa sababu aliyejua uzito wake tumemzika. Na lile "shijui" langu, lilikuwa ukweli aliostahili mama, au ukatili wa mtu anayeogopa kukosea? Mama Agnès hajaniambia, nami sijathubutu kumuuliza.

Nawashukuru Papa Paulin, Padri Clément, nanyi nyote mliotega sikio kabla ya kutumia macho. Mama, ukiwa tayari, tutazima taa.