Ernesti Timotheo na Chai Ambayo Hakuichuma

Kwa miaka ishirini Mheshimiwa Ernesti Timotheo alisimama majukwaani akisema alijisomesha kwa kuchuma chai. Hakuchuma hata siku moja. Aliyechuma ni dada yake, Beatrisi, ambaye alitolewa shule kwa ajili hiyo, na jina lake halikutajwa kwenye jukwaa lolote.

Marehemu alizaliwa tarehe 14 Aprili 1975 huko Amani, kwenye nyumba za wafanyakazi wa shamba la chai, mtoto wa pili wa Mzee Timotheo. Mwaka 1983 baba yao alivunjika mguu. Ili wasifukuzwe kwenye nyumba ya shamba, Beatrisi, msichana wa miaka kumi na moja, aliacha darasa la tatu akabeba tenga la baba la kuchumia chai. Ernesti akaendelea na masomo, akamaliza sekondari Muheza mwaka 1993. Alikuwa mtoto mpole. Jioni alimfundisha dada yake kuandika jina lake ukutani kwa mkaa, na baba alipogomba, Ernesti alisema ni yeye aliyechafua.

Alikuwa karani wa ushirika. Mwaka 2001 alifunga ndoa na Precious katika kanisa la Kilutheri, na mwaka 2005 akagombea udiwani. Kwenye mkutano wa kwanza wa kampeni alitaka kuwaonyesha wachumaji kwamba naye ni mwenzao. Akanyoosha mkono, akakamata hewa kwa ngumi, akavuta chini. Akina mama wakaangua kicheko.

"Baba wee, hiyo chai au mahindi?" mmoja akapaza sauti. "Majani mawili na chipukizi, kwa vidole! Nani kakufundisha kukwanyua hivyo?"

Beatrisi akasimama. "Mwacheni mdogo wangu, kalamu imemlegeza vidole!"

Wakacheka tena, safari hii wakiwa upande wake. Alishinda. Alikuwa diwani hadi mauti yalipomkuta, na kwa miaka kumi ya mwisho alikuwa pia mwenyekiti wa halmashauri ya wilaya. Kila kampeni Beatrisi alingoja asikie jina lake. Alianza kukaa mbele, akahamia nyuma, mwisho akaacha kwenda.

Figo zilianza kumsumbua marehemu Machi 2024. Beatrisi alimuuguza nyumbani kwa marehemu, Raskazone, mjini Tanga, akikaa, akisimama, hatulii. Wiki ya mwisho marehemu alimshika mkono.

"Dada, nikipona nitawaambia watu."

"Usingoje upone. Mwite Robert."

Robert, mwanawe mkubwa, akaja. Marehemu akamwambia, "Chai ile alichuma shangazi yako. Nisipowahi, siku ya kunizika sema wewe."

"Nimesikia, baba."

Alifariki tarehe 9 Mei 2025. Ameacha mjane, Precious, watoto wawili, Robert na Noa, na dada mmoja. Mola ampe mapumziko aliyoyakosa siku zile za mwisho.

Robert yupo hapa makaburini. Jana aliomba habari ya chai ifutwe kwenye wasifu huu. Haikufutwa. Anadaiwa maneno ya baba yake, ayaseme kwa mdomo wake mwenyewe, shangazi yake akisikia, kabla watu hawajashika makoleo.