Fundi Stambuli na Visanduku vya Pampu

Baada ya miaka thelathini na moja, fundi wetu wa umeme, Mzee Stambuli, anastaafu Ijumaa hii, tarehe 28 Novemba 2025. Alianza kwa kuvuta nyaya hapa kwenye mabwawa ya chumvi ya Gongoni. Anaondoka akiwa mtu pekee anayejua kwa nini pampu zinatii.

Zamani pampu za maji ya bahari zililindwa na watu. Mlinzi akisinzia, maji yalizidi na chumvi iliyokwisha kuganda ikayeyuka. Ofisi ilimwagiza Mzee atafute kontrola, yaani kisanduku cha kuwasha na kuzima pampu, kwa bei tunayoiweza. Mzee alileta vya aina nne kutoka Mombasa, akaviunga na balbu badala ya pampu, akavitundika kando ya bwawa kwenye upepo wa chumvi kwa miezi miwili. Kila asubuhi alivikagua na kuandika daftarini. Zeina wa kantini akamuuliza samaki wake watakauka lini. Akajibu, “Acha vife hapa, mwanangu, visije vikafa siku ya mvua.”

Mimi Musembi, wakati huo mgeni kutoka Kitui, nilidhani amevisahau. Nikaviosha kwa maji ya bomba, nikavipangusa vikang'aa. Mzee alinitazama sana, kisha akaanza kuhesabu upya tangu siku ya kwanza. Hakunishtaki.

Vitatu vilikufa. Cha nne, kibaya kwa sura, chenye vipuri vinavyopatikana Malindi mjini, ndiyo aina iliyoendesha pampu zetu miaka tisa. Hatujapoteza bwawa hata moja.

Mwezi huu ofisi imenunua vipya. Vinapendeza, ila vimezibwa kwa gundi; kikiharibika hakifunguliki. Mzee aliomba miezi miwili ya kuvitundika. Akapewa hadi saa saba mchana siku hiyo hiyo. Alikataa kutia sahihi ya kuvikubali, na Jumatatu vinawekwa bila sahihi yake, mvua za vuli zikiwa juu yetu. Sisi wakwanguaji wa chumvi hulipwa kwa kadiri ya chumvi inayotoka. Ikiyeyuka, tutakuwa tumevunja mgongo bure, na nyumbani ni mbali.

Niliambiwa niandike kwa furaha. Nimejaribu.

Mzee Stambuli, asante kwa subira yako. Mungu akupe afya na siku tulivu nyumbani Shela pamoja na mkeo Bi Raiya. Ofisi wakikupigia simu wiki ijayo, usipokee. Ulishawaambia.